Barua ya wazi: Someni kinyesi cha karasinga wa Kisere kabla ya kupanda mche wa kwanza

Kwa Mkurugenzi Mkuu wa Shirika la Wanyamapori (KWS), Mhifadhi Mkuu wa Misitu (KFS), Mkurugenzi wa Taasisi ya Utafiti na Mafunzo ya Wanyamapori, Naivasha, na Magavana wa Kakamega, Vihiga na Nandi.

Waheshimiwa,

Kaskazini mwa Nakuru, upande wa magharibi wa Ziwa Baringo, kuna matabaka ya udongo na majivu ya volkano ambayo wanajiolojia huyaita Kapthurin. Mwaka 2005 Sally McBrearty na Nina Jablonski walitangaza kuwa meno machache yaliyopatikana humo ni ya sokwe mtu aliyeishi yapata miaka 545,000 iliyopita. Kabla ya hapo hakuna aliyekuwa ametambua mabaki ya kale ya sokwe popote duniani. Leo sokwe wa porini walio karibu nasi zaidi wako magharibi mwa Uganda: Budongo, Bugoma, Kibale, Kalinzu. Kenya haina hata mmoja porini. Walioko kituo cha Sweetwaters, ndani ya hifadhi ya Ol Pejeta, walianza kuletwa 1993 kutoka Burundi, na wanaishi ndani ya ua.

Msitu uliowahi kuunganisha nchi hii na Kongo ulikatikakatika, na kipande chake cha mwisho upande wa mashariki ndicho Kakamega. Humo wamo mbega, kima wa buluu, kima mwenye mkia mwekundu na poto. Kaskazini yake, katika msitu mdogo wa Kisere uliozungukwa na mashamba, wamo karasinga, wale kima wenye ndevu nyeupe na paji la rangi ya chungwa. Ombi letu kwenu ni moja. Kabla ushoroba wa kuunganisha vipande hivi haujachorwa kwenye ramani, na kabla kima yeyote hajakamatwa ili ahamishwe, vinasaba vyao visomwe kutoka kwenye kinyesi, na matokeo hayo ndiyo yaamue miti ipandwe wapi na kwa ajili ya nani. Njia hiyo imekwisha kujaribiwa kwa sokwe kwa miaka mingi, na haihitaji kumshika wala kumdunga mnyama.

Tazameni yaliyotokea hapo jirani. Kati ya msitu wa Budongo na ule wa Bugoma kuna nchi ya mashamba ya miwa, mahindi na tumbaku, yenye mabaki ya misitu kando ya mito. Watu walijua kuna sokwe humo, lakini makadirio ya awali yalikuwa chini ya mia moja. Watafiti wakaokota sampuli 865 za kinyesi, wakasoma vinasaba, wakatambua sokwe 182 mmoja mmoja, na hesabu ya kitakwimu ikafika 256, katika jamii zisizopungua tisa. Matokeo yalichapishwa 2015. Nchi iliyoonekana kama pengo kwenye ramani ilikuwa na wakazi. Kama mipango ingetegemea makadirio ya zamani, misitu ile midogo ya mitoni ingeandikwa kuwa haina faida kwa sokwe, na ingekatwa kwa dhamiri safi.

Karasinga ni mgumu kuhesabiwa kuliko sokwe. Sokwe hupiga kelele na kila jioni hutandika kiota kipya mtini, hivyo hata asipoonekana ameacha alama. Karasinga hukaa chini, kwenye vichaka vya majimaji kando ya kijito, na akihisi mtu huganda palepale bila kutikisa jani, hata kwa saa kadhaa. Anayepita kwenye njia ya kuhesabia huandika sifuri. Ndiyo maana takwimu za kutembea na daftari hazitoshi Kisere, wala katika kinamasi cha Saiwa kule Kitale.

Idadi yenyewe pia haisemi kila kitu. Kasi ya kupotea kwa utofauti wa vinasaba katika kundi lililofungiwa hutegemea wanaozaa, na hasa uwiano wa madume na majike. Hesabu yake ni nyepesi: zidisha madume wanaozaa kwa majike wanaozaa, zidisha kwa nne, gawa kwa jumla yao. Karasinga huishi kwa kawaida dume mmoja na majike wake. Tuchukue mfano wa msitu wenye madume 5 wanaozaa na majike 25. Kwa macho ni wanyama 30, lakini kwa vinasaba ni sawa na 17 hivi. Kila kizazi, kundi kama hilo hupoteza takriban asilimia 3 ya utofauti wake. Vizazi kumi vikipita, zaidi ya robo imekwenda, bila mti kukatwa na bila mtego kutegwa. Kwa sokwe kizazi kimoja ni karibu miaka 25, hivyo hasara huja polepole na watu wana muda wa kuiona. Kima huzaa mapema zaidi; saa yao inakimbia.

Gombe, kando ya Ziwa Tanganyika, inaonyesha njia ikifungwa mnyama hufanya nini. Kwa sokwe, dume hubaki alikozaliwa na jike akivunja ungo huhamia jamii nyingine. Hivyo ndivyo ndugu wanavyoepukana. Gombe imezungukwa na mashamba na vijiji, jamii za jirani ni chache, na karibu nusu ya majike hubaki nyumbani. Jike aliyebaki huelekea kuzaa na madume wasio wa karibu naye kiukoo, lakini uchaguzi huo una mwisho wake: vipimo vya ubaba vilivyochapishwa 2001 vilionyesha kuwa mtoto mmoja wa Fifi, jike mashuhuri wa huko, alizaliwa na mwanawe mwenyewe, Frodo. Bossou, nchini Guinea, hali ilikuwa mbaya zaidi. Kundi la sokwe wapatao ishirini lilitenganishwa na milima ya Nimba kwa kilomita chache za savana. Vijana waliondoka, wageni hawakuingia. Mwaka 2003 mafua yakaua watano, na kundi halikurudi tena lilikokuwa. Upandaji wa ushoroba ulikuwa umeanza 1997, lakini miti inahitaji miaka mingi kufunga vivuli na moto wa savana haumngoji mtu. Ushoroba ulianza wakati kundi limeshazeeka.

Sasa kazi yenyewe, kwa sababu tumeona mipango mizuri ikifia kwenye chupa iliyoandikwa vibaya.

Kinyesi kiokotwe kingali kibichi, ikiwezekana ndani ya saa chache baada ya kudondoshwa. Chembe za mnyama mwenyewe ziko kwenye ngozi ya nje ya kinyesi, zilipokwanguliwa kutoka utumboni. Ndani kuna majani yaliyosagika na bakteria tu. Kwa hiyo kwangua juu, kwa kijiti kisafi kinachotumika mara moja, ukiwa umevaa glavu mpya na barakoa. Barakoa ni lazima, kwa kuwa vinasaba vya kima vinafanana na vyetu kiasi kwamba mate ya mwokotaji yanaweza kusomwa maabara kama mnyama mpya. Chukua kiasi cha ncha ya kidole gumba. Kwa sokwe ni karibu gramu 5. Tia kwenye mrija wenye mililita 30 za ethanoli ya asilimia 95 au zaidi. Spiriti ya rangi inayouzwa madukani isitumike, maana imechanganywa na vitu vingine. Acha saa 24 hadi 36, kisha mwaga ethanoli na uhamishe kinyesi kwenye mrija wa pili wenye punje za silika, kukiwa na karatasi ya chujio katikati ili visigusane. Ethanoli huua vimelea na kuvuta maji, na silika humalizia ukaushaji. Punje zenye rangi ya kuonyesha unyevu zikibadilika, zibadilishwe siku hiyohiyo. Sampuli ya namna hii hukaa miezi bila friji, jambo muhimu kwa kituo kisicho na umeme wa uhakika.

Andika kwa penseli. Wino wa kalamu, hata ule unaoitwa wa kudumu, huyeyuka ethanoli ikimwagika, na siku ya kufungua sanduku unajikuta na mirija mia isiyo na jina. Weka karatasi ya penseli ndani ya mfuko na nyingine nje: namba, tarehe, saa, mahali kwa kipimo cha GPS, umri wa kinyesi kwa makisio, na kama mnyama alionekana.

Mvua ni adui mkubwa, kwa maana huosha ile ngozi ya nje. Mavi ya jana yaliyopigwa jua hayafai, na mbawakawa wa mavi hufika ndani ya dakika. Ndiyo maana tunapendekeza Desemba hadi Februari, alfajiri, chini ya miti ya kando ya vijito ambamo karasinga hulala. Kama mnadhani Kisere ina wanyama 40, panga kuokota sampuli 100 hadi 120. Kwa hesabu ya kukutana mara ya pili na mnyama yuleyule, zinatakiwa sampuli mbili na nusu hadi tatu kwa kila mnyama mnayedhani yupo. Mkiokota 40 mkidhani inatosha, wengi wataonekana mara moja tu, na makadirio yatayumba kiasi cha kutofaa kitu.

Maabara nako kuna mtego ambao viongozi wanapaswa kuujua, maana wao ndio watakaoletewa ripoti. Vinasaba vya kinyesi ni vichache na vimekatikakatika. Mara nyingine mashine husoma nakala moja tu kati ya mbili alizorithi mnyama, ya baba au ya mama, na nyingine ikaachwa. Mnyama huyo ataandikwa kama aliyerithi nakala zinazofanana pande zote, yaani kama mtoto wa ndugu. Kundi zima linaweza kuonekana limeoza kwa kuzaliana ndugu kwa ndugu kumbe ni kipimo kilichorushwa haraka. Kwa hiyo kila alama, yaani sehemu ya vinasaba inayopimwa, inayosomeka kuwa na nakala moja irudiwe mara kadhaa kabla ya kukubaliwa, na ripoti ionyeshe marudio hayo. Ripoti isiyoyaonyesha irudishwe.

Kosa la pili ni la kunakili utafiti wa sokwe bila kufikiri. Kwa sokwe, majike ndio husafiri, hivyo vinasaba vya mstari wa mama husambaa mbali na vya mstari wa baba hubaki kijijini. Kwa kima ni kinyume: majike hukaa na mama zao maisha yote, dume kijana ndiye hufukuzwa na kutangatanga. Maabara ikisoma mstari wa mama peke yake, kama inavyofanyika mara nyingi kwa sababu ni rahisi, itaona Kisere na Buyangu, upande wa kaskazini wa msitu mkubwa wa Kakamega, ni tofauti kabisa na kuhitimisha kwamba hakuna anayevuka, hata kama madume wanavuka kila mwaka. Lazima zisomwe alama za wazazi wote wawili, kumi hadi kumi na tano angalau, pamoja na ya kutambua jinsia. Swali mnalopaswa kuuliza ni hili: je, kuna dume ambaye kinyesi chake kimeokotwa Kisere lakini wazazi wake wako msitu mkubwa, au kinyume chake? Dume mmoja anayehamia na kuzaa katika kila kizazi ndicho kiwango cha chini kinachokubalika kwa kawaida. Wengi wangetaka zaidi, hadi kumi.

Vifaa vipo nchini. KWS ina maabara ya vinasaba Nairobi tangu 2015. Taasisi ya Naivasha ndiyo yenye jukumu la utafiti kisheria. Chuo Kikuu cha Masinde Muliro kiko mlangoni mwa msitu, na Maseno si mbali. Kinachochelewesha ni vibali: cha NACOSTI (tume ya sayansi), cha wanyamapori, na cha NEMA (mamlaka ya mazingira) chini ya kanuni za 2006 kuhusu rasilimali za kijenetiki. Hatuombi vifutwe, kwani vinasaba vya wanyama wetu vinastahili ulinzi huo. Tunaomba ofisi hizi zikae meza moja na kutoa kibali kimoja cha miaka mitano kwa misitu ya Kakamega, Kisere, Malava, Nandi na Saiwa, na nusu ya kila sampuli ibaki humu nchini kama akiba. Akiba kama hiyo huja kutumika kwa mambo ambayo hakuna aliyeyafikiria siku ya kuokota. Kinyesi kilichookotwa katika vituo 48 barani kimewezesha ramani ya vinasaba ya sokwe 828, iliyochapishwa 2022, na kwa ramani hiyo sokwe mchanga aliyenaswa mikononi mwa walanguzi anaweza kukadiriwa alitoka msitu gani.

Matokeo yakishatoka, ndipo miti. Ushoroba wenye upana wa mita 50 na urefu wa kilomita moja ni hekta 5, zaidi ya ekari 12. Miche ikikaa mita 3 kwa 3, inahitajika 5,555. Ongezeni robo kwa itakayokufa, otesheni 7,000. Kila kitu kifuate kijito, kwa sababu karasinga hatavuka kiwanja wazi, na kwa sababu ukingo wa mto tayari una hifadhi ya kisheria ya mita 6 hadi 30. Katikati wekeni mutere (Maesopsis eminii), unaokua haraka na kufunga kivuli, na mikuyu karibu na maji, ambayo huota kwa vipande vya matawi. Mwiritsa (Prunus africana) ni wa lazima lakini ni msumbufu: mbegu zake hufa ndani ya wiki chache zikikauka, hivyo haziwezi kununuliwa kwa gunia na kuwekwa stoo. Ziokotwe zikiiva na zioteshwe kabla ya mwezi mmoja kupita. Hapa KEFRI (taasisi ya utafiti wa misitu) ya Maseno isaidie. Lusiola (Markhamia lutea) ikae pembeni, upande wa shamba, maana mwenye shamba anaithamini kwa nguzo na hataing'oa. Mpera usipandwe kabisa. Ndege na kima huusambaza ovyo, na unakalia nafasi za wazi msituni hadi miche ya asili inakosa mwanga. Palizi mara tatu mwaka wa kwanza. Miche mingi hufa kwa kunyongwa na nyasi na kukanyagwa na ng'ombe, wala si kwa ukame.

Mpaka kati ya ushoroba na mahindi uwe mstari wa majani chai. Kima hawali chai, na mkulima anauza. Mpango unaopeleka miti ya matunda hadi ukingoni mwa shamba la ndizi unapeleka vita mlangoni mwa mtu, na vita hivyo kima hashindi. Tena mwenye ekari mbili Kabras hawezi kuombwa nusu ekari kwa hotuba. Sheria ya Wanyamapori ya 2013 inaruhusu mkataba wa haki ya hifadhi juu ya ardhi ya mtu binafsi. Utumieni, kwa malipo ya kila mwaka yaliyoandikwa, na mikaratusi iliyopo kijitoni iachwe ivunwe na mwenyewe kwanza.

Njia ya mkato ya kukamata karasinga kutoka kwingine na kuwaachilia Kisere msiishike kabla ya majibu ya maabara. Katika Ziwa Victoria kuna kisiwa cha Rubondo, upande wa Tanzania. Kati ya 1966 na 1969 waliachiliwa huko sokwe kutoka bustani za wanyama za Ulaya, wengi wao wakiwa na asili ya Afrika Magharibi. Walikubali mazingira, wakazaa, bado wapo. Lakini wengi wao hawatokani na jamii ndogo ya mashariki inayoishi Gombe, Mahale na Uganda, kwa hiyo hawawezi kutumiwa kuongezea damu kundi lolote la huku bila kuchanganya nasaba zilizotengana kwa mamia ya maelfu ya miaka. Wakati ule hapakuwa na kipimo. Leo kipo.

Na katika kazi yote hii, mtu asilete ugonjwa. Mwaka 2013 kule Kanyawara, Kibale, virusi vya kawaida vya mafua ya binadamu, rinovirusi C, viliua sokwe 5 kati ya 56. Sokwe wote waliopimwa walionekana kubeba aina ya jeni ya kipokezi inayowafungulia mlango virusi hivyo. Waokotaji wenye mafua wabaki nyumbani, umbali usipungue mita 10, na tabia ya wageni kulisha kima kwenye kambi za Isecheno na Buyangu ikomeshwe kwa faini, si kwa kibao.

Kwa ratiba, tunaomba kibali cha pamoja kiwe kimetolewa kufikia Oktoba, mafunzo ya askari wa misitu na wanachama wa vyama vya jamii vya misitu yafanyike Novemba, wiki moja inatosha, na sampuli ziokotwe Desemba hadi Februari. Maabara ipewe miezi sita. Kitalu cha mwiritsa na mutere kianze mapema, bila kungoja majibu, kwa sababu miche hiyo itahitajika popote ushoroba utakapopita, na iwe imefika magotini mvua ndefu za mwaka unaofuata zitakapoanza, mwezi Machi.

Wenu,
Watafiti, waongozaji na wakuza miche wa misitu ya Kakamega na Nandi
Kakamega